Mama Miche na Swali la Hakimu

Nimekaa kwenye dawati la karani wa mahakama kwa miaka kumi na tisa, na kama kuna kitu kinachonichosha kuliko feni yetu inayozunguka bila kuleta upepo, ni watu wanaogombea ardhi. Mwizi akiletwa husema hakuiba, basi, tunaendelea. Mgombea ardhi huanza na babu yake. Babu alifyeka pori, babu alichimba kisima, babu alimpa fulani kwa mdomo, na mimi kalamu iko mkononi nasubiri tufike mwaka huu.

Kwa hiyo Mama Miche alipoingia na begi la kitambaa lililojaa karatasi mpaka zipu imegoma, nilimchukia kabla hajafungua mdomo. Nasema ukweli. Nilimwambia akae kwenye benchi, akasema atasimama. Nikamwambia mheshimiwa atachelewa, akasema hata kesho atasimama. Alisimama saa moja na nusu, udongo umekaukia kwenye pindo la gauni, huku askari aliyemleta akiwa amekaa yeye na kuvua kofia.

Si kwamba sikumjua. Mjini kwetu nani asiyemjua? Kibanda chake kiko barabarani, karibu na kituo cha mafuta, na ukitaka mche wa chungwa, limau au parachichi, huko ndiko unakoelekezwa. Mimi mwenyewe nilinunua mchungwa kwake miaka minne nyuma. Aliniapia kwamba ungezaa mwaka wa tatu. Mwaka wa tatu ulipita, mti umenitolea majani tu, nikaulaumu udongo wa nyumbani kwangu na mbuzi wa jirani. Hilo nalo lilikuwa moyoni nilipokuwa nikimtazama pale amesimama.

Kazi hiyo alianza akiwa na miaka kumi na tisa, akibeba maji kwenye kitalu cha serikali. Aliajiriwa kwa ajili ya ndoo tu, kisu hakikumhusu. Lakini macho hayana pazia, na yeye alikuwa akimwagilia polepole karibu na fundi wa kubebesha ili aone mikono yake. Kubebesha ni hivi: unachukua mche wa mlimao, ambao ni mgumu na haujali shida, unaukata kichwa, unapachika kijiti cha mchungwa mtamu, unafunga kwa utepe wa plastiki, unangoja. Mizizi inabaki ya mlimao, tunda linakuwa chungwa. Mama Miche husema ni kama ndoa, mmoja avumilie na mwingine azae, na ukimuuliza nyumbani kwake nani alikuwa mlimao, hukwambia chagua mche ulipe uende zako.

Siku fundi alipougua, vijiti vilikuwa vimeshakatwa na vingenyauka. Msichana wa maji akaomba kisu. Katika miche mia moja, tisini na mmoja ilishika. Fundi aliporudi hakumpongeza, aliikagua mmoja mmoja akitafuta kasoro, kisha akamwachia kisu chake. Mpaka leo ndicho anachotumia, kimekwisha kwa kunolewa, kimebaki chembamba kama jani la mua.

Aliolewa na mwashi mmoja mpole ambaye alikuwa akijenga nyumba za watu na ya kwake ikingoja. Mwashi huyo alikuwa na nusu eka nyuma ya ghala la saruji, sehemu aliyopewa na baba yake. Upande mmoja ni ukuta mrefu wa ghala, upande mwingine ni korongo, na mbele kuna geti la mabati. Hapo ndipo mke wake alipohamishia kitalu, miaka kumi na mmoja sasa. Watoto wawili wa kike wamelelewa na kuolewa kutokana na hiyo miche. Mwaka jana mwashi akaugua kifua, akalala miezi mitano, akafariki.

Sasa yuko shemeji. Huyu ni kaka mkubwa wa marehemu, dereva mstaafu wa lori, mtu mrefu anayeongea kama bado yuko nyuma ya usukani na injini inanguruma. Miaka yote walikuwa wakitaniana vizuri. Akifika humwita Mama Miche "mke wangu mdogo", naye humwambia mume anayestahili jina hilo ateke maji kwanza. Na alikuwa akiteka. Alimbebea hata miche kwenye lori, bila kudai chochote, mpaka miji ya mbali.

Baada ya mazishi shemeji alipekua sanduku la baba yao, akakuta karatasi yenye mhuri inayosema nusu eka ile ni ya mtoto wa kwanza. Mtoto wa kwanza ni yeye. Kwa mawazo yake, mdogo wake alikuwa ameazimwa tu, na aliyeazimwa akifa, kitu hurudi. Hakuwa akidanganya, aliamini hivyo, na mtu anayeamini ni mgumu kuliko mwongo. Lakini hakumwambia mjane. Mwezi wa nne alikuja na furushi la fito akaomba aziweke pembeni ya geti, atazichukua. Mama Miche akamwambia weka, shemeji, kwani pananipungukia nini? Wahenga walisema ukimpa shubiri atachukua pima. Tarehe kumi na nne mwezi wa saba alirudi na vibarua wanne, wakaanza kuchimba mashimo ya uzio katikati ya matuta ya miche.

Mama Miche hakupiga kelele. Aliingia kwenye shimo lililochimbwa, akakaa, miguu ndani, kisu cha kubebeshea mapajani. Kibarua mmoja alimwambia atoke, hakutoka. Mwingine akainua jembe. Shemeji akamkemea wa jembe, lakini naye akamshika mjane mkono kumvuta, kisu kikanyanyuka, na mlinzi wa ghala akapiga simu polisi. Damu haikumwagika. Ilikuwa bado kidogo.

Hivyo ndivyo walivyoletwa kwetu, wote wawili.

Mheshimiwa wetu ni mtu mfupi mwenye sauti ndogo. Ana tabia ya kuuliza swali moja na kulingojea hata kama ni mpaka saa ya chakula. Alisoma taarifa ya polisi, akavua miwani, akamuuliza Mama Miche nani alikuwa kwenye shamba lile. Mama Miche akafungua begi. Ilitoka barua ya baba mkwe, kikatoka cheti cha ndoa, kikatoka cheti cha kifo, ikatoka na picha ya harusi ambayo sijui alidhani itatoa ushahidi gani. Akazipanga mezani kwangu kama anayetandika biashara.

"Mama," mheshimiwa alisema, "sijakuuliza shamba ni la nani."

"Ni langu, mheshimiwa. La mume wangu na langu."

"Nimekuuliza siku ile mliyotaka kuuana, na miezi miwili nyuma yake, nani alikuwa analitumia."

Shemeji akacheka kidogo, akasimama na karatasi yake yenye mhuri. Mheshimiwa hakuipokea. Alimwambia airudishe mfukoni isije ikachafuka. Wote wawili wakabaki wameduwaa, mmoja na begi, mwingine na bahasha, na mimi nikafurahi moyoni, maana hapo ndipo watu wote wa ardhi hukwama. Wanadhani kila mwenye joho anaweza kuwaambia shamba ni la nani.

Nilimweleza Mama Miche koridoni, kwa sababu aliamini kabisa kwamba mheshimiwa amehongwa. Nikamwambia hivi: hakimu huyu hagawi ardhi. Kazi yake hapa ni kuzuia watu wasiuane wakati wanasubiri wa kuigawa. Polisi wakimpa taarifa kwamba ugomvi wa shamba unakaribia kuvunja amani, anawaita wote na kuangalia jambo moja tu, nani alikuwepo. Aliyekuwepo kweli, au aliyefukuzwa kwa nguvu ndani ya miezi miwili, anaachwa akae kwa utulivu mpaka mahakama ya ardhi iamue mwenye haki. Hata kama aliyekuwepo ni mpangaji. Hata kama hana karatasi hata moja.

"Na akishindwa kujua nani alikuwepo?" aliniuliza.

Nikamwambia analifunga. Linakuwa mikononi mwa mahakama, kufuli getini, haingii huyu wala yule, mpaka kesi kubwa iishe. Akauliza kesi kubwa huisha lini. Nikamwambia kabati lililo nyuma ya dawati langu lina mafaili ambayo walioyafungua wameshazikwa.

Hapo nikamwona akihesabu. Miche elfu tatu na mia mbili, na kiangazi kimeshaingia. Bila maji, siku tano za kwanza majani yanajikunja, tano za pili inabaki kuni. Akarudi ndani bila kuitwa, akamuuliza mheshimiwa mwenyewe itakuwaje kwa miche endapo atafunga.

"Mahakama haina ndoo, mama," mheshimiwa alisema. Hakusema kwa kejeli. Alikuwa amechoka.

Siku hiyo wote wawili walisaini ahadi ya kutunza amani, kila mmoja na mdhamini wake. Ikaamriwa askari akae getini, mtu asitoe wala kuingiza kitu, isipokuwa Mama Miche aruhusiwe kumwagilia asubuhi na jioni. Baada ya siku tisa mheshimiwa angekwenda kuona kwa macho yake.

Shida ilikuwa mashahidi. Shemeji alikuja nao wanne, vibarua wake wale wale, wakasema kwa sauti moja kwamba tangu mwezi wa nne fito zilipowekwa shamba lilikuwa mikononi mwake, tupu, na mjane alileta miche kwa pikapu wiki mbili au tatu kabla ya ugomvi ili aonekane yupo. Mama Miche alikuwa na wateja mia, lakini mteja huishia kibandani barabarani. Kitaluni hakuna anayefika. Ghala halina dirisha upande ule, mlinzi wa ghala hukaa upande wa barabara na aliona ya siku ile tu kwa sababu alisikia vurugu, na korongo halitoi ushahidi. Alifanya kazi pale miaka kumi na mmoja kama mtu aliyejificha.

Lakini hakutetereka. Alisema kila tuta lina lebo, na kila lebo ina tarehe aliyobebesha, kwa mkono wake, kwa kalamu isiyofutika. Mheshimiwa aje asome.

Tulikwenda siku ya Jumanne, saa nne asubuhi. Mheshimiwa, mimi na daftari langu, bwana shamba wa wilaya aliyeitwa kama mtaalamu, askari, shemeji na vibarua wake, na Mama Miche aliyetutangulia akitufungulia geti kama mwenye nyumba. Kitalu kilikuwa kizuri, siwezi kukataa. Viriba, ile mifuko myeusi ya plastiki inayojazwa udongo, vilipangwa kwa safu zilizonyooka mpaka mwisho, chini ya kivuli cha nyavu, na mashimo ya shemeji katikati yake yalikuwa kama meno yaliyong'olewa. Mheshimiwa aliinama akasoma lebo ya kwanza. Mwezi wa pili, tarehe tano. Akasoma ya pili, ya tatu. Zote mwezi wa pili. Nikaandika.

Bwana shamba alipiga goti, akafungua utepe wa mche mmoja, akatazama kiungo. Akafungua mwingine. Akakuna kijiti kwa ukucha, ndani bado kibichi. Alikaa hapo muda, na mimi nikaanza kusikia joto kwa niaba ya mtu mwingine.

Kisha akasimama akasema, bila kumwangalia Mama Miche, kwamba mche huu haujabebeshwa mwezi wa pili. Mwezi wa nne, labda. Si kabla ya hapo.

Shemeji akasema si mnaona? Hakuhitaji kuongeza. Kama tarehe ni za uongo, basi na pikapu inaweza kuwa kweli. Mheshimiwa alivua miwani, na tuliomzoea tunajua maana yake. Alikuwa anakaribia kusema neno kufunga.

Mama Miche aliinama akaufunga tena utepe uliofunguliwa. Nilidhani atalia, na kusema kweli nilikuwa tayari kumwambia ajifute machozi, mbona wote huwa tunashindwa. Hakulia. Alisema kwamba tarehe ni za uongo, ndiyo. Kila muuza miche anarudisha nyuma miezi miwili, kwa sababu mnunuzi akisoma tarehe ya karibu anasema huu bado mchanga, anakwenda kwa jirani. Alipoingia kazini alikuta hivyo, akafanya hivyo, na alizoea hata hakumbuki tena kwamba ni uongo. Alipotuita tuje kusoma alikuwa amesahau.

Bwana shamba alitazama viatu vyake. Alijua, hao wote wanajua. Njia ya mwongo ni fupi, lakini yake ilikuwa ndefu miaka kumi na mmoja na ilipita mpaka nyumbani kwangu. Nikaukumbuka mchungwa wangu. Nikaomba radhi kimoyomoyo kwa mbuzi wa jirani.

"Kwa hiyo umenileta hapa kusoma uongo," mheshimiwa alisema.

"Ndiyo, mheshimiwa. Lebo zinadanganya. Miche haidanganyi. Niruhusu niing'oe."

Hatukumwelewa. Bwana shamba peke yake ndiye aliyeinua kichwa haraka. Akatueleza: kiriba kina matundu chini, na mche ukiachwa pahali pamoja mizizi hutoka kwenye matundu na kuingia ardhini. Ndiyo maana kitalu safi husogeza viriba kila mwezi, kukata hiyo mizizi ingali nyuzi. Usiposogeza, mche unashika ardhi, na siku ya kuunyanyua mzizi mkuu unakatika na mche unakufa. Hakuna aibu kubwa kwa mtu wa kitalu kuliko hiyo. Na Mama Miche, kwenye kila semina, ndiye aliyekuwa akitajwa kwa usafi.

"Sijasogeza tangu mume wangu alale kitandani," Mama Miche alisema. "Nilikuwa namgeuza yeye. Mgongo mmoja haugeuzi vyote. Alipokufa nikaona nimeshachelewa, nikabebesha hivyo hivyo nikinyamaza."

Mheshimiwa akamwambia shemeji achague safu, asije akasema alichaguliwa. Shemeji akazunguka kitalu chote, hakuharakisha, akachagua safu iliyo mbali kabisa na geti, karibu na korongo. Haki ya Mungu, alichagua vizuri. Kama miche ililetwa ya kuonyesha tu, ingepangwa kuanzia mbele, na ya nyuma ingekuwa ya mwisho kufika.

Mama Miche akavua kandambili, akasimama miguu wazi, akashika mche wa kwanza shingoni na kiriba chake. Hakuweza. Akavuta tena, tukasikia kitu kikikatika chini, sauti kama kitambaa kizito kinapochanwa, na mche ukaja. Chini ya kiriba ulikuwa unaning'inia mzizi wa unene wa kidole changu, umekatika, mweupe ndani. Bwana shamba akachimba pale ulipotoka, akafuata uliobaki mpaka jembe likaingia lote. Akasema mzizi wa namna hii haufanyiki kwa wiki tatu, wala kwa miezi mitatu. Mche huu umesimama hapa karibu mwaka.

Mheshimiwa akasema sawa, mama, nimeona.

Lakini kibarua mmoja akanong'ona kwamba mmoja unaweza kuwa wa zamani uliosahaulika. Alinong'ona kwa sauti ya kusikika, wale watu hawajui kunong'ona. Mama Miche akang'oa wa pili. Akang'oa wa tatu. Kila mmoja ulikatika kwa ile sauti, na kila mmoja aliulaza pembeni kwa utaratibu, kichwa upande mmoja, kama anavyolaza miche ya kuuza. Wa kumi, wa kumi na tano. Mheshimiwa alimwambia tena kwamba yatosha. Alijibu kwa adabu kwamba safu ni safu, mheshimiwa, asije mtu kesho akasema nilichagua. Mikono ilishaanza kuchubuka. Hakuna aliyejitolea kumsaidia na hangekubali.

Mimi nilikuwa nahesabu kwenye daftari kwa vijistari, kwa sababu sikuwa na la kufanya. Sikumchukia tena. Nilikuwa nimekasirika tu, sijui na nani, labda na sisi wote tuliosimama kivulini na viatu vyetu tukimwacha mtu aue mali yake mwenyewe ili tuamini kwamba alikuwepo.

Shemeji alikuwa amesimama mbele yangu kidogo. Mama Miche alipofika wa arobaini, yeye alianza kugeuza uso kila mche ukikatika. Huyu ni mtu aliyeipakia miche hiyo kwenye lori kwa miaka, anajua mche mmoja ni kazi ya miezi mingapi. Wa sitini. Wa sitini na moja. Mama Miche akashika wa sitini na mbili, ukawa mgumu kuliko yote, akapiga goti moja, akavuta mpaka akaangukia mgongo, mche juu yake.

"Basi, shemeji," alisema yule mtu mrefu. Sauti ya lori ilikuwa imezimika. "Basi. Ulikuwepo. Acha miche."

Mheshimiwa akanigeukia akaniuliza kama nimeandika. Nilikuwa nimeandika. Saa tano na dakika ishirini, mdai wa pili amekiri kwamba mdai wa kwanza alikuwepo shambani. Nilimsomea shemeji maneno yake, akasikiliza, akasaini. Alipomaliza alisema jambo moja tu zaidi, na nililiandika pia kwa sababu ilikuwa haki yake: kwamba karatasi ya baba yao bado anayo, na hajaacha kuamini kwamba shamba ni lake. Kisha akaenda, akamshika Mama Miche mkono, safari hii akamwinua.

Amri ilisomwa Alhamisi. Ilikuwa fupi. Mama Miche aachwe kwenye shamba, asibughudhiwe na shemeji wala mtu wake yeyote, mpaka mahakama ya ardhi itakapoamua vinginevyo. Fito ziondolewe, mashimo yafukiwe na aliyeyachimba. Mheshimiwa alimaliza kwa kumkumbusha kwamba amri hii haimpi ardhi, inampa utulivu tu, na kama kuna siku mahakama ya ardhi itasema mwenye haki ni mwingine, yeye ataondoka kwa amani ile ile. Mama Miche aliniomba nirudie mstari wenye neno mpaka. Nikarudia. Akaondoka bila kushukuru mtu.

Huko barabarani habari ya lebo ilishamtangulia. Wateja walimtania kwa wiki nzima, wengine walikwenda kwa majirani zake, ambao wana tarehe za uongo vile vile ila hawajaapishwa. Miche sitini na miwili ilikufa yote. Nilikwenda kumwambia kuhusu mchungwa wangu, nikiwa nimejiandaa kugomba, akaniuliza mti una miaka mingapi ardhini, akajumlisha kwa vidole akaniambia utazaa mwakani, na kama hautazaa nije nimtukane. Nikasema nitakuja.

Jumatatu iliyofuata nikamkuta koridoni kwetu, mwisho kabisa, dirisha la mahakama ya ardhi. Begi lile lile, zipu imegoma vile vile. Nilidhani shemeji amefungua kesi na yeye ameitwa. Akasema hapana, amekuja kufungua yeye.

Nilimvuta pembeni. Nilimpa ushauri ambao karani yeyote mwenye akili angempa, na ambao watu hulipia kwa mawakili. Nikamwambia mama, wewe umeshaachiwa. Kaa kimya. Mwenye karatasi ndiye mwenye haraka, mwache afungue yeye, atafute yeye mashahidi, apande ngazi yeye. Kila mwaka unaopita uko ndani na yeye yuko nje. Ukifungua wewe unaweza kushindwa, na ukishindwa unatoka. Anayekula taratibu haulizi chakula ni cha nani.

Alinisikiliza mpaka mwisho. Viganja vyake vilikuwa bado na makovu mabichi, alikuwa ameshika fomu kwa ncha za vidole.

"Nimeng'oa miche sitini na miwili ili mniambie kwamba nilikuwepo," alisema. "Mimi najua nilikuwepo. Sasa nataka niambiwe kama nina haki ya kuwepo. Wakisema sina, nihame na miche yangu ikiwa mizima. Wakisema ninayo, asije mtu mwingine akanitaka ning'oe tena."

Dirisha likafunguliwa, yule karani wa ndani akauliza nani wa kwanza. Mama Miche akasema ni yeye, na kwa kuwa kalamu ilimuuma kuishika, nikachukua fomu nikamjazia, yeye akinitajia.